Draiva za Crynwr: maktaba ninayoitegemea kwa kadi kongwe za mtandao

Ukiwa na kompyuta ya DOS (mfumo endeshi wa zamani wa PC) na kadi ya mtandao ambayo kiwanda chake kilishaisahau, faili unayoihitaji inaitwa PKTD11.ZIP. Ndani yake mna toleo la 11 la mkusanyo wa draiva za pakiti (programu ndogo zinazoiendesha kadi na kupokea na kutuma pakiti za data kwa niaba ya programu nyingine) uitwao Crynwr. Nimeutumia kwa kadi za kila namna, za jampa (vipini vya kuipangia kadi kwa mkono) na zisizo na jampa, za biti 8 na za biti 16, na sasa naweza kuueleza kwa uzuri wake na upungufu wake. Hukumu yangu naitoa mapema: katika maktaba zote za draiva za zamani nilizowahi kufungua, hii ndiyo ninayoiamini kuliko zote. Wingi wa kadi zilizomo ni sababu ndogo. Sababu kubwa ni kwamba draiva zake zimekuja na msimbo chanzo, yaani maandishi ambayo programu yenyewe imeundwa nayo, na jambo hilo nitalirudia kwa urefu huko mbele.

Mkusanyo ulianzia Chuo Kikuu cha Clarkson, mjini Potsdam katika jimbo la New York, mwishoni mwa miaka ya 1980. Mlezi wake alikuwa Russell Nelson. Ndiyo maana ukisoma maelezo ya zamani utakuta watu wanazitaja kama draiva za Clarkson; ni hizi hizi. Nelson alipoanzisha Crynwr Software mkusanyo ulimfuata, ukachukua jina hilo. Yeye aliandika kiunzi na baadhi ya draiva, na nyingine nyingi zikaandikwa na watu waliokuwa na kadi fulani mikononi mwao, wakaitaka ifanye kazi, kisha wakamtumia walichoandika. Kanuni wanazozifuata wote zilitungwa kwingine, katika kampuni ya Marekani iliyoitwa FTP Software, na mtungaji wake alikuwa John Romkey. Waraka huo ni mfupi, na toleo lake linalotumika zaidi, 1.09, ni la mwaka 1989.

Kabla ya waraka huo programu ya mtandao kwenye DOS ilibeba draiva tumboni mwake. Ukibadilisha kadi, unamngoja mwandishi wa programu aijue kadi yako mpya. Na programu moja ikishaishika kadi, nyingine haina nafasi. Romkey alikata shauri: draiva ikae peke yake kwenye kumbukumbu, isikilize kwenye katizo moja la programu (namba ya wito ambayo programu nyingine huiita) kati ya 0x60 na 0x80, na yeyote anayetaka mtandao aje kupiga hodi hapo. Atajuaje mlango ni upi? Anapita katizo moja baada ya jingine akitafuta herufi PKT DRVR, ambazo ni lazima zianze baiti tatu baada ya mwanzo wa msimbo unaolihudumia katizo. Akizikuta, amefika.

Maombi yenyewe ni machache, yanahesabika kwa vidole: nieleze wewe ni nani, nipe pakiti za aina hii, tuma pakiti hii, niambie anwani ya kadi, nimemaliza. Kinachonifurahisha zaidi ni namna ya kupokea. Pakiti ikiingia, draiva huiita programu mara mbili. Mara ya kwanza inauliza: nina pakiti ya urefu huu, niiweke wapi? Programu inajibu kwa kutaja mahali kwenye kumbukumbu, au inajibu sifuri, yaani itupe. Mara ya pili draiva inasema: tayari, nimeiweka. Kwa utaratibu huo draiva haina haja ya kujitengea ghala la pakiti ndani ya kumbukumbu ya kawaida, na kwenye mashine ambayo kila kitu kinagombania kilobaiti 640, hiyo ni heshima kubwa kwa mtumiaji. Tena, kwa kuwa programu hutaja aina ya pakiti inayoitaka, 0x0800 kwa IP ya intaneti, 0x0806 kwa ARP inayotafuta anwani za kadi, 0x8137 kwa IPX, itifaki ya kampuni ya Novell, kadi moja inahudumia mchezo wa IPX na programu ya TCP/IP bila kugombana. Kisichowezekana ni programu mbili kudai aina ile ile kwa wakati mmoja. Ya pili itakataliwa, na ni haki.

Sasa matumizi. Kadi unayoelekea kuikuta kwanza ni NE2000 au nakala yake. Novell ndiyo iliyoianzisha, ikitumia chipu ya DP8390 ya National Semiconductor, kisha viwanda vingi vikaiga mpaka jina likawa la aina nzima ya kadi. Yangu ina chipu ya Realtek RTL8019AS. Amri yake ni hii:

NE2000 0x60 3 0x300

Namba ya kwanza ni katizo la programu, ya pili ni IRQ ya kadi (laini ambayo kadi huitumia kumwita prosesa), ya tatu ni anwani ya mlango wa kadi (mahali ambapo prosesa huzungumza na kadi). Hapa nawasihi mtulie, maana mkusanyo huu unasoma namba kwa kanuni ya lugha ya C. Namba yenye 0x mbele ni ya heksadesimali, yenye sifuri tu mbele ni ya oktali, na isiyo na kitu ni ya desimali. Ukiandika 60 badala ya 0x60, umetaja katizo jingine kabisa. Ukiandika 010 ukidhani ni kumi, umesema nane. Kwa bahati nzuri draiva ikishakaa inakusomea ilichokielewa, na inakipa kwa namna mbili, 0x300 (768), 0x60 (96), pamoja na aina ya prosesa, aina ya basi na anwani ya Etheneti ya kadi. Soma mistari hiyo kila mara. Anwani ikianza na 00:00:1B ni ya Novell, 00:00:C0 ni ya Western Digital, 00:E0:4C ni ya Realtek. Ukiona FF kuanzia mwanzo hadi mwisho, draiva inasoma mahali ambapo hakuna kadi.

IRQ 3 ndiyo chaguo la asili la NE2000, na ndiyo chanzo cha usumbufu mwingi, kwa sababu COM2, tundu la pili la siriali la kompyuta, nalo linaitumia. Mimi huipeleka kadi kwenye IRQ 10 kama sloti ni ya biti 16. Kwenye sloti ya biti 8, IRQ 10 haifiki kabisa, hivyo natumia 5, ila kama kuna kadi ya sauti inayoishikilia 5, naizima COM2 kwanza na kubaki na 3. Dalili ya IRQ isiyo sahihi inafaa kukaririwa: draiva inakaa vizuri, inaonyesha anwani, taa ya kadi inawaka, pakiti zinatoka, lakini hakuna kinachorudi. Kusoma anwani ya kadi na kutuma hakuhitaji katizo la kadi, kupokea kunahitaji. Ukiona hivyo usiishike kebo, shika jampa.

Kuna mtego mwingine kwenye anwani ya mlango. NE2000 inachukua baiti 32, yaani ukiipa 0x300 inafika 0x31F. Ukiihamishia 0x320 inafika 0x33F, na hapo katikati ndipo MPU-401, sehemu ya MIDI ya kadi nyingi za sauti, inapokaa, kwenye 0x330. Mwenye kompyuta ya michezo ya zamani abaki 0x300, au aende 0x340.

Kadi ya pili ni 3C509B ya 3Com, na kwangu hii ndiyo kadi bora ya ISA, aina ya sloti ya kompyuta za zamani, kwa kazi za kila siku. Haina jampa, mipangilio yake imehifadhiwa ndani ya chipu ndogo ya kumbukumbu, na inabadilishwa kwa programu ya 3C5X9CFG iliyomo kwenye diski ya 3Com yenyewe. Fungua programu hiyo kwanza, zima plagi-na-cheza (kadi kupangwa na kompyuta yenyewe), chagua IRQ na anwani, hifadhi, zima mashine na uiwashe tena. Baada ya hapo draiva ya Crynwr inaitaka namba moja tu, 3C509 0x60, mengine inaiuliza kadi. 3Com nao walitoa draiva yao ya pakiti, 3C5X9PD.COM, inayofuata waraka ule ule wa 1989. Programu zako hazitajua tofauti, na hapo ndipo unapoona thamani ya kanuni iliyo wazi.

Ya tatu ni WD8013 ya Western Digital, ambayo ukoo wake ulihamia kampuni ya SMC. Draiva ni SMC_WD. Hii haipitishi pakiti mlangoni kama NE2000. Inaiweka kumbukumbu yake mwenyewe ndani ya eneo la juu la kumbukumbu ya kompyuta, na prosesa inasoma humo moja kwa moja. Kwa hiyo ukitumia EMM386, msimamizi wa kumbukumbu wa DOS, mwambie asiliguse eneo hilo. Kama kadi imepewa 0xD000 na ina kilobaiti 16, andika X=D000-D3FF kwenye CONFIG.SYS. Usipoandika, EMM386 italiona eneo lile kama tupu, italigawa, na mashine itaganda wakati ambao hutautegemea. Ukishaiweka sawa, kadi hii inafanya kazi kwa utulivu kwenye prosesa dhaifu.

Neno moja kuhusu majina, kwa sababu limewapotezea muda watu wengi. Novell nao wana faili inayoitwa NE2000.COM. Hiyo ni draiva ya ODI, mfumo wa draiva wa Novell wenyewe, inataka LSL.COM iwe imepakiwa kabla yake, na mipangilio yake inaisoma kwenye NET.CFG. Haina uhusiano na NE2000.COM ya Crynwr, ingawa jina ni lile lile herufi kwa herufi na zote mbili zinaendesha kadi ile ile. Diski ya kadi ya zamani inaweza kuwa na zote mbili, kila moja kwenye folda yake. Ukiiendesha moja ikalalamika kuhusu LSL, rudi utafute nyingine. Na kama kazi yako inakulazimu kubaki na ODI, kuna ODIPKT ya Dan Lanciani inayokaa juu ya ODI na kuonekana kwa programu kama draiva ya pakiti.

Vifaa vidogo vinavyokuja na mkusanyo ni vizuri, sina mengi ya kusema juu yake. PKTCHK inakuambia kama kuna draiva kwenye katizo ulilolitaja. PKTADDR inakupa anwani ya kadi. PKTSTAT inatoa hesabu za pakiti zilizoingia, zilizotoka na zilizopotea. TERMIN inaiondoa draiva kwenye kumbukumbu bila kuwasha mashine upya, na hii naitumia mno ninapojaribu mipangilio.

Nirudi kwenye msimbo chanzo, kwa sababu hapa ndipo moyo wangu ulipo. Ukifungua sehemu ya vyanzo unakuta asembli iliyopangwa kwa akili. Kuna HEAD.ASM na TAIL.ASM, ambazo zinabeba mambo yanayofanana kwa draiva zote: kujibu katizo, kusoma namba za mstari wa amri, kujikalisha kwenye kumbukumbu. Kuna 8390.ASM kwa ajili ya kadi zote zenye chipu ya DP8390 au ndugu zake, na jinsi chipu hiyo inavyozungusha akiba yake katika kurasa za baiti 256 imeandikwa humo mara moja tu, ikatosha kwa NE1000, NE2000, kadi za Western Digital na 3C503. Kinachobaki kwa kila kadi ni faili fupi ya tofauti zake. Mtu anayejua asembli kidogo anaweza kuisoma NE2000.ASM akaelewa kadi yake kuliko kijitabu cha kiwandani kilivyowahi kumweleza.

Faida ya jambo hili ni ya vitendo. Leseni ni GPL, inayomruhusu yeyote kurekebisha na kusambaza, kwa hiyo wapenzi wa mashine za zamani wamekuwa wakizirekebisha draiva hizi kwa vifaa ambavyo mlezi wa kwanza hakuvifikiria. Mtu akikuta kasoro, anaisahihisha na kuwapa wenzake. Linganisha na draiva zilizofungwa: kiwanda kikifa, kasoro iliyomo inabaki humo. Na mwenye shaka kuhusu faili ya .COM aliyoipata kwenye diski ya flopi isiyo na jina ana njia ya kujiridhisha: aiunde upya mwenyewe kutoka kwenye chanzo.

Nasema hivi nikikumbuka tovuti zinazojitangaza kama ghala la draiva na faili za DLL. Nimewahi kuifungua moja nikitafuta draiva ya kadi ya AUI (tundu la zamani la Etheneti). Nilichopakua kilikuwa kisakinishi cha Windows ya kisasa chenye matangazo, na ndani yake hakukuwa na draiva yoyote. Ghala la namna hiyo haliorodheshi kilichomo ndani ya faili, halitaji toleo, haliweki leseni. Mkusanyo wa Crynwr unakupa vyote vitatu kabla hujaendesha chochote. Draiva moja yenye chanzo kwangu ina uzito kuliko orodha ya maelfu ya majina yasiyojulikana yalikotoka.

Upungufu upo, na msomaji anastahili kuujua. Mkusanyo ulisimama kwenye zama za ISA. Kadi za PCI, aina ya sloti iliyofuata ISA, hazimo, hivyo kwa RTL8139 utahitaji RTSPKT.COM ya Realtek, na kwa PCnet ya AMD utahitaji PCNTPK.COM, zote zikitoka kwa watengenezaji wenyewe. Zinafuata waraka ule ule, programu zako zitazipokea, ila huna chanzo cha kusoma. Maelezo ya usakinishaji yaliandikwa kwa mtu ambaye tayari anaijua IRQ na mlango wa kadi yake. Anayeanza atalazimika kuyasoma polepole na kujifunza pembeni. Windows 3.x katika hali iliyoboreshwa ni kazi nyingine: kuna swichi ya -w kwa ajili yake, lakini mimi simshauri mtu apite njia hiyo. Kwenye Windows tumia NDIS, mfumo wa draiva wa Windows yenyewe. Swichi ya -n nayo ni kwa wenye NetWare ya zamani, mfumo wa mtandao wa Novell, wengine wasiiguse.

Upande wa programu, siku hizi jibu ni mTCP ya Michael Brutman, mkusanyo wa programu za TCP/IP. Imeandikwa kwa DOS, inakwenda hata kwenye prosesa ya 8088, na imeendelea kutunzwa katika karne hii. Baada ya kupakia draiva, unaelekeza kigeugeu cha MTCPCFG kwenye faili ya mipangilio, unaandika humo mstari wa PACKETINT 0x60, unaendesha DHCP, na kompyuta ya miaka ya 1980 inapewa anwani na ruta ya leo kama simu yoyote. Mimi nahamishia faili kwa FTP ya mTCP na sijarudi kwenye flopi kwa kazi hiyo. Jambo la tahadhari: FTP na Telnet hazifichi nenosiri, kwa hiyo mashine hii ibaki ndani ya mtandao wako, nyuma ya ruta, isifunguliwe milango ya nje.

Kama huna kadi mkononi bado unaweza kuujaribu mkusanyo. QEMU, 86Box na DOSBox-X zote zinaigiza NE2000, na faili ile ile ya NE2000.COM iliyoandikwa kwa ajili ya kadi ya kushikika inakaa ndani ya mashine igizi bila kuguswa hata baiti moja. Mimi hujaribu humo kwanza mstari wa AUTOEXEC.BAT kabla ya kuupeleka kwenye mashine yenyewe, hasa ninapotaka kujua LOADHIGH, amri ya kupakia programu kwenye kumbukumbu ya juu, imepata nafasi au la.

Kuupata ni rahisi: FreeDOS wanao mkusanyo kama kifurushi cha Crynwr kwenye kundi la programu za mtandao, na hapo ndipo ninapoelekeza kila anayeniuliza. Chukua draiva na vyanzo pamoja, usichague faili moja ya .COM na kuacha zilizobaki. Ukimpa mwenzako nakala, mpe na faili ya COPYING na chanzo, kwa maana leseni inataka hivyo. Kisha, kabla hujafunga kasha la kompyuta, bandika kipande cha karatasi kwenye bati la kadi chenye IRQ, anwani ya mlango na, kama ni WD, eneo la kumbukumbu. Atakayeifungua mashine hiyo baada yako atakuwa na namba zote za kadi ambazo draiva inazitaka kwenye mstari wake wa amri.